Kutembezwa Córdoba kwa miguu: ingia ndani kwanza, kikundi baadaye

Mara ya kwanza nilipotembezwa Córdoba nilikosea karibu kila kitu. Nilikwenda Julai, nikachagua kikundi cha saa sita mchana kwa sababu usiku wake nilichelewa kulala, tena nikavaa ndala. Binti aliyetuongoza, mpole, mwenye mwavuli wa njano, alitusimulia miaka elfu mbili ya mji kwa saa mbili na nusu. Jioni nilipojaribu kukumbuka alichosema, nilikumbuka vivuli tu: kivuli cha mchungwa, kivuli cha ukuta, kivuli cha kibanda cha aiskrimu. Nilirudi Februari ya mwaka uliofuata, nikapanga kila kitu upya, na hapo ndipo nikauona mji. Nayaandika haya ili wewe uanzie kwenye hiyo safari ya pili.

Córdoba ipo Andalucía, kusini mwa Hispania, kando ya mto Guadalquivir. Waliopita madrasa wanaujua kwa jina la Kurtuba, na hata hilo jina la mto ni Kiarabu kilichovaa nguo za Kihispania: wadi al-kabir, bonde kubwa. UNESCO iliuorodhesha Msikiti Mkuu wake mwaka 1984, na mwaka 1994 ikaongeza mitaa inayouzunguka. Kwa mtu wa kutembea, uzuri ni kwamba vitu vyote vimebanana. Kutoka uwanja wa Plaza de las Tendillas mpaka mtoni ni kama robo saa, ukienda bila kusimama. Hutakwenda bila kusimama.

1. Panga mwezi kabla ya kupanga kitu kingine

Julai na Agosti joto la Córdoba linapita nyuzi 40 bila kuona haya, na limewahi kupita 46. Si joto la Dar es Salaam lenye unyevu na upepo wa bahari. Ni joto kavu, kama mtu amefungua mlango wa tanuri mbele ya uso wako. Ukilazimika kwenda kiangazi, chukua matembezi ya asubuhi mapema au yale ya usiku. Machi, Aprili, Oktoba na Novemba ni miezi ya raha. Mei ina sherehe ya nyua za nyumba, yaani viwanja vya ndani vyenye maua, ambayo nitaigusa baadaye, lakini vyumba vya kulala hupanda bei na watu hujaa vichochoroni hadi unatembea kwa mabega.

Viatu ni raba zenye soli nene. Mitaa mingi ya zamani imesakafiwa kwa vijiwe vya mtoni vilivyosimamishwa wima, na soli nyembamba itakuhesabia kila kimoja.

Usafiri si tatizo. Treni ya mwendo kasi kutoka Madrid huchukua chini ya saa mbili, kutoka Seville kama dakika 45. Anayetoka Afrika Mashariki anahitaji viza ya Schengen, na mwenye kibali cha kuishi nchi nyingine ya Schengen asiache pasi yake ya kusafiria nyumbani.

2. Jua unachonunua

Kuna matembezi ya aina mbili, na watu huyachanganya.

Ya kwanza ni yale yanayotangazwa kuwa ya bure. Si ya bure. Huna cha kulipa unapojiandikisha, lakini mwishoni unatoa bakshishi, na mwongoza watalii anaishi kwa bakshishi hiyo. Wengi hutoa kati ya euro 10 na 15 kwa kila mtu mzima. Matembezi haya hupita mitaani na viwanjani, na kwa kawaida hayaingii ndani ya jengo lenye tiketi.

Ya pili ni ya kulipia kabla, ambayo mara nyingi yanahusu jengo moja au mawili, na tiketi ya kuingilia imo ndani ya bei au haimo. Soma mstari huo mara mbili. Andalucía imeiwekea leseni kazi ya kuongoza watalii, hivyo mwenye sifa huvaa kitambulisho shingoni. Ukimwona mtu mlangoni anakunong'oneza kwamba atakuingiza na kukueleza kila kitu kwa bei poa, angalia shingo yake kwanza.

Lugha zitakuwa Kihispania na Kiingereza, wakati mwingine Kifaransa, ambacho kitawafaa ndugu wa Bukavu na Bujumbura. Kiswahili sijakikuta. Kama Kiingereza chako ni cha kupapasa, mwambie mwongozaji mapema, kabla hajaanza. Wengi hupunguza kasi kwa hiari, ila wakishanogewa na hadithi huwarudishi.

Ushauri wangu ni huu: mtaani nenda na kikundi, na ndani ya Msikiti Mkuu nenda mara mbili, mara moja peke yako na mara moja na mtu wa kukueleza. Sababu zinafuata.

3. Saa mbili na nusu asubuhi uwe mlangoni

Jumatatu hadi Jumamosi, kuanzia 8:30 hadi 9:30, yaani saa mbili na nusu hadi saa tatu na nusu asubuhi, Msikiti Mkuu hufunguliwa bure kwa mtu mmoja mmoja. Vikundi haviruhusiwi saa hiyo. Hakuna mwavuli wa njano, hakuna mtu anayehesabu watu wake.

Ingia ukiwa hujui lolote. Nakuomba hivyo kwa makusudi. Kinachokupokea ni msitu: nguzo 856, na juu ya kila nguzo matao mawili, moja limebebana na jingine, mistari myekundu na myeupe. Chini ya matao ni nusu giza. Ukitembea, nguzo hupishana kama minazi inavyopishana ukiitazama kutoka dirishani mwa basi. Usipige picha dakika kumi za mwanzo. Tafuta nguzo moja uishike kwa macho: tazama inapokutana na sakafu, kisha inapokutana na tao. Halafu tazama jirani yake. Hazifanani. Moja ni ya kijivu laini, moja ina mishipa ya waridi, moja imepigwa mifereji ya kuzunguka. Waliozijenga walizichukua kwenye majengo ya Warumi na ya Wavisigothi, waliotawala kabla ya Waarabu, yaliyokwisha kuanguka, na kwa sababu zilikuwa fupi kuliko dari waliyoitaka, wakabuni tao juu ya tao. Uzuri wote ule umetokana na ufupi wa nguzo. Hilo hakuna aliyeniambia, nililiona mwenyewe asubuhi ile, kisha mwongozaji akanithibitishia mchana.

Mambo mawili ya adabu. Jengo leo ni kanisa kuu la Kikatoliki, na wanaume huombwa kuvua kofia. Kofia ya kiua nayo ni kofia. Na swala ya Kiislamu hairuhusiwi ndani. Walinzi wapo na watakuzuia, kwa hiyo ndugu Muislamu asiende akitarajia rakaa mbili mbele ya mihrabu. Najua inavyochoma. Mzee mmoja wa kwetu Tanga tuliyekuwa naye alisimama pale mikono nyuma, midomo inacheza, na hakuna aliyemwuliza anasema nini.

Inapokaribia saa tatu na nusu walinzi huanza kuwasogeza watu nje. Toka, kanywe kahawa.

4. Kutana na kikundi, na mkubaliane saa

Vikundi vingi huanzia Plaza de las Tendillas, kwenye sanamu ya jemadari juu ya farasi. Fika mapema kidogo usikie saa ya ukutani: hailii kengele, inapiga nyuzi za gitaa.

Sasa onyo kwa wanaosafiri na jamaa waliokulia Ulaya. Nilimwandikia binamu yangu, mzaliwa wa Sweden, "tukutane Tendillas saa nne." Mimi nilisimama pale saa 10:00 na kikundi kikaondoka. Yeye alifika 16:00, akakuta njiwa. Siku nzima alininunia, nami sikuwa na la kujitetea. Andika kwa tarakimu za tiketi.

Simama karibu na mwongozaji lakini si mbele kabisa. Walio mbele huishia kuongea naye na hawaangalii juu. Nyuma kabisa husikii. Mstari wa pili ndio wa wajanja.

5. Njia yenyewe, na mahali pa kukaza macho

Kila mwongozaji ana njia yake, ila nyingi hushuka kuelekea mtoni kwa mpangilio unaokaribiana na huu.

Utaonyeshwa nguzo za hekalu la Kirumi kwenye mtaa wa Claudio Marcelo. Ni ndefu, nyeupe, zimesimamishwa upya zama zetu. Dakika tano zinatosha. Kisha Plaza de la Corredera, uwanja wa mstatili wa karne ya 17 uliozungukwa na baraza za matao, ambamo zamani walichezesha ng'ombe; wenyeji walikuwa wakikodi madirisha watazame. Mtu wa Pemba hapo ana la kulinganisha, maana mchezo wa ng'ombe kwao ulikuja na Wareno. Mwulize mwongozaji kuhusu sakafu za vigae vya rangi za Kirumi zilizochimbuliwa chini ya uwanja huo; siku hizi zipo ukutani ndani ya Alcázar, ngome ya wafalme.

Mkifika mtoni, daraja la Kirumi lina matao 16 na urefu wa karibu mita 250. Msingi ni wa Warumi, lakini limekarabatiwa na kila aliyetawala, na sehemu kubwa unayoikanyaga ni ya baadaye sana. Vuka mpaka ng'ambo, kwenye mnara wa Calahorra, kisha geuka. Vikundi vingine huishia katikati ya daraja kwa kuokoa muda. Kama chenu kimeishia katikati, rudi mwenyewe jioni. Kutoka ng'ambo ndipo unapoona jinsi kanisa lilivyochomoza kutoka kwenye paa la msikiti kama meli iliyokwama shambani.

Karibu na daraja na kuta za msikiti utakutana na akina mama wanaokupa kijitawi cha mrozimari. Ukikipokea, mkono wako utasomwa bahati, na baada ya bahati kuna bei. Tabasamu, mikono mfukoni, endelea.

6. Ndani kwa mara ya pili, sasa na maelezo

Kwa hili kata tiketi kwenye tovuti ya jengo lenyewe, alasiri ileile au kesho yake. Vikundi vya ndani hupewa spika za masikioni, kwa hiyo unaweza kuachana na mwongozaji hatua kadhaa na bado ukamsikia. Itumie nafasi hiyo.

Hadithi fupi ni hii. Mwaka 750 ukoo wa makhalifa wa Umayya ulichinjwa na Waabbasi, ukoo uliotwaa ukhalifa wao. Kijana mmoja, Abd al-Rahman, alitoroka, akavuka Afrika Kaskazini, na mwaka 756 akaitwaa Kurtuba. Karibu miaka thelathini baadaye akaanza kujenga msikiti huu. Waliomfuata wakaurefusha mara tatu. Mwaka 1236 Mfalme Fernando wa Tatu wa Castilla aliutwaa mji na msikiti ukafanywa kanisa. Mwaka 1523 askofu akaanza kujenga kanisa refu katikati ya msitu wa nguzo. Baraza la mji lilipinga, hata likatishia kuwaua mafundi watakaobomoa. Mfalme Carlos wa Tano akaamua upande wa askofu. Ibn Battuta, msafiri yuleyule aliyeshuka Kilwa mwaka 1331, alipofika Andalus, Hispania ya Waislamu, miaka kama ishirini baadaye, Kurtuba ilikuwa imekwisha kuwa mikononi mwa Castilla kwa zaidi ya miaka mia.

Mwombe mwongozaji akuonyeshe vitu vitatu, maana si wote huvigusa.

Cha kwanza ni mahali upanuzi mmoja unapokutana na mwingine. Upanuzi wa mwisho, wa waziri Almanzor mwishoni mwa karne ya 10, ulikwenda upande wa mashariki kwa sababu kusini kulikuwa na mto. Ndiyo maana mihrabu haipo katikati ya ukuta. Sasa tazama matao ya sehemu hiyo. Kwingine mistari myekundu ni matofali halisi yaliyopishana na mawe. Kwa Almanzor ni rangi, imepakwa juu ya mawe. Sogea uone ilivyofifia na kubanduka. Alikuwa na haraka, na anayeharakisha hujulikana kwa rangi.

Cha pili ni mihrabu, kazi ya khalifa al-Hakam wa Pili. Vijiwe vya dhahabu vilivyotandazwa juu yake vilitoka kwa mfalme Mkristo wa Byzantium (Istanbul ya leo), pamoja na fundi wa kuvipanga. Mwongozaji mzuri atakwambia pia kwamba kibla hakielekei Makka sawasawa. Kinaangalia kusini zaidi kuliko inavyopasa. Maelezo ya sababu ni mengi, na kila mwongozaji ana lake analolipenda. Mwulize lake, kisha umtazame anavyonoga.

Cha tatu kipo nje, kwenye ua wa michungwa, ambao kuingia ni bure. Mnara wa kengele unaouona umeumeza mnara wa adhana wa karne ya 10. Wajenzi wa kanisa hawakuubomoa wote, waliuvika koti la mawe. Kuupanda ni tiketi nyingine na ngazi 191.

7. Mtaa wa Mayahudi: hapa punguza mwendo

La Judería ni vichochoro vyeupe vya kaskazini na magharibi mwa msikiti. Mtu wa Lamu au wa Mji Mkongwe Unguja hataona ajabu yoyote: njia imejipinda, ukuta hauna madirisha ya chini, mlango mzito, na nyuma ya mlango baridi. Chungulia mlango ulioachwa wazi. Kuna kijisebule cha kuingilia, kisha geti la chuma, kisha ua wenye maua na pengine kisima. Babu zetu wangekwambia: daka, tekani, kiwanda. Jua kali na haja ya stara vimewafundisha watu wa pwani mbili somo moja.

Hizo ndizo nyua ambazo mashindano yake yalianza mwaka 1921 na UNESCO ikazitambua 2012. Wiki mbili za mwanzo za Mei wenye nyumba hufungua milango, nawe huingia bure. Vyungu hutundikwa ukutani mpaka karibu na paa, na kuvinywesha ni kazi yenye ufundi wake: kikopo cha bati kimefungwa kwenye ncha ya mti mrefu, mtu anakiinua polepole, anakiinamisha juu ya chungu bila kujimwagia. Mama mmoja wa mtaa wa San Basilio alinipa nijaribu. Niliyanywesha mabega yangu.

Sinagogi ya mtaa huu ilijengwa 1315 na ni ndogo kuliko darasa la shule ya msingi. Inua macho kwenye maandishi ya Kiebrania yaliyochongwa kwenye plasta kwa mtindo ambao ungedhani ni wa msikitini. Mwaka 1492 Mayahudi walifukuzwa Hispania, jengo likafanywa hospitali, kisha kanisa dogo la washona viatu, na plasta ikafichwa hadi ilipogunduliwa tena karne ya 19. Hatua chache kutoka hapo ameketi Maimonides wa shaba, tabibu na mwanazuoni wa Kiyahudi mzaliwa wa mji huu, aliyeandika kwa Kiarabu na kufia Misri. Mguu wake unang'aa kwa kusuguliwa na wanaotaka akili. Mwanafalsafa Ibn Rushd, aliyezaliwa hapahapa mwaka 1126, sanamu yake imewekwa nje kando ya ukuta wa mji, na haisuguliwi na mtu.

Calleja de las Flores, kichochoro chenye maua na mnara unaochungulia mwishoni, kitakuwa na foleni ya wapiga picha. Kipite. Rudi kabla ya saa mbili asubuhi kama unakitaka.

8. Kuagana, na kula

Matembezi mengi huishia kwenye lango la Puerta de Almodóvar au uani kwenye michungwa. Kama yalikuwa ya bakshishi, weka noti tayari mfukoni. Kupekua pochi huku mtu amesimama anakungoja ni aibu kwenu wote wawili. Mwulize hapohapo angekula wapi yeye siku yake ya mapumziko. Jibu hilo ni nusu ya thamani ya matembezi.

Maduka mengi hufungwa kuanzia kama saa nane mchana hadi saa kumi na moja, basi huo ni muda wa kukaa mezani. Salmorejo ni supu nzito ya baridi ya nyanya, mkate, vitunguu saumu na mafuta ya zeituni, lakini juu hunyunyiziwa yai na jamón, yaani nguruwe. Asiyekula aseme "sin jamón" wakati wa kuagiza, si sahani ikishafika. Flamenquín iache kabisa, ni nguruwe kwa nguruwe.

Halafu agiza berenjenas con miel, vipande vyembamba vilivyokaangwa na kumiminiwa asali ya miwa. Menyu yangu haikuwa na picha, na mhudumu hakujua Kiingereza. Nikamwuliza berenjena ni nini. Akaingia jikoni, akarudi ameshika biringani.